Maneno Niliyomnyima Otieno

Asubuhi hiyo mimi na binamu yangu Chebet tulikuwa tukichuma chai shambani kwa mjomba, nje kidogo ya Sotik. Tulikuwa na umri mmoja, lakini yeye alikuwa Chebet popote alipokwenda. Mimi nilikuwa Chelangat kwa mama, Mkipsigis, na Achieng' kwa marehemu baba, Mjaluo wa kiwanda cha chai. Huku kwa mama waliniita mtoto wa mgeni, kule kwa baba mtoto wa wenyeji. Tena Otieno, karani wa kiwanda niliyempenda kimyakimya miaka miwili, alikuwa amemchumbia Chebet.

Mchana mjomba alirudi kutoka sokoni na habari kwamba vijana wa Kikipsigis wameanza kuchoma nyumba za Wajaluo. Chebet akanivuta kando.

"Wewe unajua njia za kule kiwandani. Mwambie Otieno asishike barabara. Aje hapa, mama atamficha."

Nikaenda.

Penye mikaratusi, vijana watano wenye pinde wakanisimamisha.

"Wewe ni wa nani?"

Nikajibu kwa Kikipsigis, nikataja ukoo wa mama.

Mmoja akanikazia macho. "Baba ya huyu si alikuwa wa kule ziwani?"



"Ni ndugu ya Chebet," mwingine akasema. "Wacha apite."

Hata uhai wangu niliupata kwa jina lake.

Nilimkuta Otieno akifunga begi. Hakuniuliza nimepitaje. "Chebet amesema nini?"

"Amesema uondoke."

"Hakusema kingine?"

"Hapana."

Akachukua begi, akashika barabara ya Kisii.

Siku ya tatu mwili wake ulipatikana mtaroni. Hakuwa amefika hata maili mbili.

"Ulimwambia aje kwetu?" Chebet aliniuliza.

"Nilimwambia. Alikataa."

Baadaye aliolewa kule Chebunyo, na sasa ana wajukuu. Mimi sikuolewa. Nilidhani akifa Otieno, wivu nao utakufa. Lakini nilimwonea Chebet wivu hata kwa matanga yake, kwa kuwa yeye aliweza kuomboleza waziwazi.

Mwaka jana tulikuwa tukipukuchua mahindi kwake. Akasema, bila kuinua macho, "Mimi najua alikataa kwa sababu aliniona kama wale vijana tu. Mkipsigis kama wao."

Mikono yangu ikasimama juu ya gunzi. Nilijua neno la kusema. Nikachukua hindi lingine.