Barua Niliyochelewa Kuiandika

Nakumbuka, mwanangu, Jumatatu moja ya masika, miaka ile watu walipokuwa wakihamia vijiji vya ujamaa. Nilikuwa karani kijana katika ofisi moja ya serikali pale Kilosa, nimetoka shule ya misheni na mwandiko mzuri, kichwa kimejaa upepo. Mlango uligongwa, na kabla sijainua uso nikajua ni nani.

Alikuwa Mama Salome, muuguzi wa zahanati ya Ulaya, kijiji cha huko huko Kilosa, aliyesimamishwa kazi yapata mwaka mzima. Mama mmoja mjamzito alifika na uchungu, akakuta zahanati imefungwa, na mtoto akafa. Watu wakasema muuguzi alitoroka kazini. Yeye akasema aliitwa kijiji cha Kisanga kumzalisha mwanamke mwingine, na mkunga mmoja mzee, Bibi Tatu, alikuwa naye tangu alfajiri. Kamati ya nidhamu ilitaka jambo moja tu: Bibi Tatu aitwe, aseme. Barua ya kumwita niliagizwa kuiandika mimi.

Sikuiandika. Nisikudanganye, hakuna aliyenizuia. Niliogopa lile jalada kwa sababu lilikuwa na kifo cha mtoto ndani yake, na kila nikiligusa nilisema kesho. Nikajifariji kwa kauli ya wahenga, kawia ufike. Methali nayo, mwanangu, ukiitumia vibaya huwa maficho ya mvivu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Wamesemaje?"

"Bado. Jalada liko kwa wakubwa."

Lilikuwa kwenye droo, karibu na goti langu. Mama Salome alikamua pindo la kanga yake iliyolowa mvua, akasema taratibu, "Siku hizi sokoni wanawake wakiniona huwavuta watoto wao." Kisha akaondoka.

Mzee Mrisho, tarishi wetu aliyebeba kila jalada, alikuwa amesimama mlangoni. Alingoja mama yule afike mbali.

"Kijana, huyo mama ana kosa?"

"Sijui, mzee."

"Kama analo, aadhibiwe, ajue moja. Kama hana, arudi kwa wagonjwa wake. Wewe umemwadhibu kabla ya wenye kuadhibu, tena adhabu isiyo na mwisho. Nani amekupa cheo hicho?"

Niliandika barua saa ile ile, nikaomba ruhusa niipeleke mwenyewe. Kisanga nilikuta mahame, watu wamehamishwa. Kila niliyemuuliza habari za Bibi Tatu alinielekeza kijiji kingine. Kama amekufa, nitamtazamaje Mama Salome? Siku ya tatu nikamkuta katika kijiji kipya, kalala kwenye kitanda cha kamba, mwili umekwisha lakini akili timamu. Alisema yote mbele ya katibu wa kijiji, akatia dole gumba. Mwezi haukuisha, akafariki.

Kamati ikamwondolea Mama Salome hatia. Nilimpa barua kwa mikono miwili, nikitarajia vigelegele. Aliisoma akiwa amesimama, akaigeuza upande wa pili kama anayetafuta kitu.

"Na hii miezi kumi na minne," akauliza, "imeandikwa wapi?"

Nikakiri yote. Hakunitukana; afadhali angenitukana. Aliomba uhamisho, na Ulaya hawakumwona tena. Wajawazito wa kule wakaendelea kutembea hadi mbali kumtafuta muuguzi, na hilo nalo ni langu.

Sasa mwanangu, umepewa kiti na meza. Shauri la mtumishi mwenzako likifika mikononi mwako, usilipendelee wala usilikomoe, ila usililaze. Mwenye kosa ana haki ya kujua kosa lake, na asiye nalo ana haki ya kurudishiwa jina lake wakati bado watu wanalikumbuka. Ngoja ngoja huumiza matumbo, lakini linaloumia si tumbo la anayengojesha. Ukiogopa, andika huku unaogopa.

Mungu akupe macho ya kumwona mtu ndani ya karatasi, na kila atakayepita mbele yako aondoke na jibu. Amina.