Beseni la Dobi na Jani Linalochukia Maji

Shemeji yake alimnyang'anya dobi beseni, kisha akamwita mjinga mbele ya wageni. Makosa ni hayo mawili, na anayeyaona madogo aanze kwa kufua mashuka kwenye ndoo.

Lilikuwa beseni kubwa la bati, la kulowekea mashuka ya nyumba ya wageni. Dobi aliishi uani kwa mdogo wake, aliyeolewa na mwalimu wa sayansi. Siku moja alitoka kuanika, kurudi akakuta beseni limejaa tope, magugu maji na mayungiyungi.

"Shemeji, hii nini?"

"Haidrofiti," mwalimu akajibu, kifua mbele.

"Nimeuliza hii nini, sijauliza inaumwa nini."

Kumbe mwalimu alikuwa anaandika kamusi ya maneno ya kisayansi ya mimea ya majini, ndiyo hiyo haidrofiti. Tangu hapo nyumba haikupumua. Chai ikimwagika mezani hashiki kitambaa, anaeleza kwamba mbao ni kipendamaji. Tone likiteleza kwenye sufuria yenye mafuta, anaita watu waje kuona kichukiamaji.

"Kichukiamaji ni wewe," mkewe akamwambia. "Tangu unioe hujaosha hata kijiko."

Dobi alicheka mpaka akashika ukuta. Lakini mashuka yake yalilowekwa nusu ndani ya ndoo, nusu nje, na mwenye nyumba ya wageni alishamwambia, "Mama, nikiona baka tena natafuta dobi mwingine."

Akaenda kwa mwalimu. "Shemeji, beseni langu. Nitakosa kazi."

"Subiri wageni wangu waondoke. Wanatoka chuoni, wanakuja kuona jani linavyokataa maji. Wewe nisaidie tu, kila kitu king'ae."

Hayo si maneno ya kumwambia dobi. Maisha yake yote, kilichoingia kwenye beseni lile kilitoka kimesuguliwa. Asubuhi akatoa mimea, akamwaga tope, akatia sabuni ya unga, akapiga brashi jani moja moja, juu na chini. Akasuuza haraka haraka, maana wageni walikuwa njiani, akayarudisha yananukia kama foronya mpya.

Wageni wakazunguka beseni. Mwalimu akainua kikombe.

"Tazameni tone litakavyoviringika kama gololi!"

Maji yakatua juu ya jani, yakatandazika, yakalala kama shuka kitandani. Akamimina tena. Jani likalowa chepechepe. Povu likachungulia pembeni.

Mgeni mmoja akainama, akanusa. "Mwalimu, spishi hii ina harufu ya sabuni kiasili?"

"Nani ameondoa nta ya majani, ile inayofukuza maji?" mwalimu akafoka.

"Mimi," dobi akasema. "Si ulisema king'ae?"

"Mjinga wewe!"

Wageni wakatazama viatu vyao. Mdogo wake akajitia kutafuta vikombe, navyo vilikuwa mkononi mwake.

Kesho yake mwalimu alileta mayungiyungi mengine, akajaza beseni lilelile. Mashuka ya nyumba ya wageni sasa yanafuliwa na dobi mwingine, mtaa wa pili.

Mdogo wake ameshaomba radhi mpaka sauti imemkauka. Hiyo haihesabiki, si yeye aliyetukana. Bado linatakiwa beseni, tupu na kavu, na neno samahani litoke kinywani mwa shemeji mwenyewe, mbele ya wageni walewale. Kuwaita anajua, aliwaita kuja kutazama jani.