Kopo la Losheni Kwenye Meza ya Ukaguzi

Nina ualbino, na kila asubuhi kabla sijafungua dirisha najipaka losheni ya kuzuia jua. Naanzia masikioni, maana masikio ndiyo husahaulika, kisha shingo, uso, mikono mpaka vidoleni. Nimefanya hivyo tangu darasa la tatu, mwaka ambao muuguzi wa kliniki ya ngozi alimweleza mama yangu kwamba vidonda vya mabegani mwangu havikutokana na mkono wa mtu, ni jua tu. Sasa nafundisha hesabu sekondari, naishi Engutoto, na kliniki ile ile bado inanipa losheni kila baada ya miezi mitatu. Inakuja kwenye kopo jeupe la mililita mia mbili na hamsini, lenye lebo yenye jina langu na maelekezo ya kutumia.

Naeleza haya mapema kwa sababu kuna mtu aliniambia kwamba kitu hicho ni kipodozi, na hasira ya siku ile haijanitoka.

Safari yenyewe ilikuwa ya mama kuliko yangu. Mdogo wangu wa kiume anafanya kazi Uarabuni, na mkewe alikuwa amejifungua mtoto wao wa kwanza. Mama amelima mahindi na maharage Kikwe maisha yake yote na hakuwa amewahi kupanda ndege, lakini alitakiwa akamwogeshe mjukuu na kumkanda mzazi. Kiingereza hajui, na hata Kiswahili anakisema kwa kupitia Kimeru kwanza. Mimi nilikuwa likizo, nikasema nitampeleka.

Mdogo wangu alitutumia ujumbe wa masharti. Kitu chochote cha majimaji au mafuta kinachoingia na abiria ndani ya ndege kikae kwenye chombo kisichozidi mililita mia, na vyombo vyote viingie kwenye mfuko mmoja wa plastiki unaoonyesha ndani. Vingine viwekwe kwenye sanduku kubwa linalokwenda chini na mizigo.

Losheni yangu sikutaka kuiweka kwenye sanduku. Safari moja ya semina nilifanya hivyo, sanduku likachelewa siku mbili, na kwa siku hizo mbili nilikaa kwenye mahema ya uwanjani nikiwa na kofia tu. Masikio yalitoka malengelenge, kipande cha juu cha sikio la kushoto kikaja kukatwa na daktari. Tangu hapo kopo haliondoki mkononi mwangu.

Nikaenda kliniki kumuuliza muuguzi kama niihamishie kwenye vichupa vidogo. Akatikisa kichwa.

"Usihamishe," alisema. "Kichupa cha sokoni hakina jina. Nani atajua kilichomo? Na kabla ya hapo kiliwekwa nini? Hii ni dawa yako, na dawa ina ruhusa yake. Nitakuandikia barua, daktari agonge muhuri."

Aliandika barua, muhuri ukagongwa. Mimi mwenyewe nilitafuta masharti ya uwanja wa ndege nikayasoma mpaka mwisho, kama ninavyowaambia wanafunzi wasome swali mpaka mwisho. Yalisema wazi kwamba dawa ambayo abiria anaihitaji njiani inaruhusiwa hata ikizidi kipimo, mradi aionyeshe.

Vichupa nilinunua hata hivyo, vya mama. Nilivipata sokoni Kwa Mrombo kwa muuza vipodozi, katikati ya makopo ya krimu za kung'arisha uso. Nilipomuuliza kama ana pia losheni ya kuzuia jua ya akiba, alinitazama akacheka.

"Dada, wewe weupe umeshajaliwa. Unataka nini tena?"

Nikachukua vichupa vyangu vitatu, nikaondoka. Maneno ya namna hiyo nimeyasikia tangu utotoni na sikuwa na muda wa kumfundisha.

Mama alifika kutoka Kikwe na chupa kubwa ya samli ya ng'ombe wake, aliyoichemsha mwenyewe kwa majani anayoyajua yeye, kwa ajili ya kumpaka na kumkanda mtoto. Nikamweleza masharti. Akauliza, "Wanaogopa samli?" Tuliipasha moto tukaijaza kwenye vile vichupa vitatu kwa kijiko, yeye akishika, mimi nikimimina. Ile iliyobaki alimwachia jirani yangu. Tulipanga kila kitu mezani: mfuko wake wa plastiki, mfuko wangu wenye dawa ya meno na mafuta ya mdomo, na pembeni kopo la losheni na barua. Nilijiona nimejiandaa vizuri kuliko abiria yeyote wa siku hiyo.

Uwanjani, mwanamke aliyekuwa mbele yetu alipita na vichupa sita vya manukato bila neno. Tukafuata sisi. Nilitoa kopo na barua kabla sijaulizwa, nikaviweka kwenye trei. Afisa wa ukaguzi alikuwa dada wa umri wangu hivi. Alimwamkia mama "shikamoo" kwa heshima, akaitikiwa, kisha akaligeuza kopo akatazama chini yake.

"Hii imezidi," alisema.

"Ni dawa. Barua hiyo hapo ya daktari."

Hakuifungua barua. Alifungua kopo, akanusa. "Hii ni losheni, dada. Losheni ni kipodozi."

"Ni losheni ya kuzuia jua. Nitazame. Nisipoipaka naungua, na nikiungua sana napata saratani. Soma barua, tafadhali."

Akaifungua, akaitazama kwa muda usiotosha kusoma hata mstari mmoja. "Dawa ni vidonge, ni sindano, ni dawa ya maji. Kipodozi kikizidi mia hakipiti. Rudi ukakiweke kwenye sanduku."

Sanduku lilikuwa limeshaondoka. Nikamwomba amwite mkubwa wake. Akasema mkubwa yuko kwenye kikao. Nyuma yetu foleni ilikuwa inarefuka, na mtu mmoja akasema kwa sauti ya kusikika, "Si aache tu, ni mafuta." Nilihisi uso unaniwaka. Kwetu sisi wenye ualbino hilo huonekana mara moja, hakuna pa kulificha. Najua kuzungumza mbele ya darasa la watoto sitini, lakini pale nilichofanya ni kushika ukingo wa meza.

Mama alikuwa ananivuta mkono. Aliniuliza kwa Kimeru kinachoendelea, nikamweleza. Akamgeukia yule afisa.

"Mwanangu," alisema kwa Kiswahili chake cha taratibu, "kichupa kidogo kinapita?"

"Kinapita, bibi."

Mama akafungua mfuko wake wa plastiki, akatoa kichupa cha kwanza cha samli, akaenda kwenye pipa la taka pale pembeni, akaanza kukikamua. Samli ilikuwa imeganda, haikutoka haraka. Alipiga kichupa kwenye kiganja, akakamua tena. Nikamwambia, "Mama, acha." Hakuacha. Alimaliza cha kwanza akaja kwenye cha pili.

"Samli nitachemsha nyingine," alisema. "Ngozi yako sijui kuichemsha."

Alipomaliza na cha tatu, alivipangusa vyote kwa pindo la kanga yake. Kisha sisi wawili tukasimama kwenye ukingo wa meza ya ukaguzi tukihamisha losheni kwa kidole, mbele ya foleni nzima, kutoka kopo lenye jina langu kwenda kwenye vichupa visivyo na jina vinavyonuka samli. Yule afisa alisimama akitutazama. Tulipomaliza alivichukua vyote vitatu, akavipitisha kwenye mashine, vikatokea upande wa pili.

"Haya, safari njema," alisema. Kopo tupu alilitupa kwenye pipa.

Nafundisha hesabu. Kilichokuwa kwenye kopo ndicho kilichokuwa kwenye vichupa, kwa wingi ule ule. Tulipokuwa na lebo, barua na muhuri tulikuwa hatari kwa ndege. Tulipoviondoa hivyo vyote, tukawa salama. Nilikaa kwenye kiti cha kusubiria nikirudia hesabu hiyo na kila nilipoirudia nilizidi kukasirika. Mama alikuwa ananusa viganja vyake.

Kule Uarabuni losheni iliharibika ndani ya wiki moja. Ilijitenga, maji juu, uji mzito chini, na harufu ya samli iliyochacha. Jua la kule halina mawingu ya Meru ya kulipunguza makali, kwa hiyo mchana nilikaa nyuma ya pazia mpaka mdogo wangu alipopata nyingine kwenye duka la dawa, ya kopo kubwa kama langu. Mama alimkanda mjukuu wake kwa mafuta ya zeituni ya dukani. Aliyalalamikia kila siku kuwa ni mepesi kama maji ya mchele.

Wakati wa kurudi, mdogo wangu alinitafsiria barua kwa Kiingereza. Afisa wa kule aliisoma yote, akapitisha kikaratasi kwenye mdomo wa kopo, akakiweka kwenye mashine ndogo ya kupima vilipuzi, akanirudishia kopo langu na kunitakia safari njema. Haikuzidi dakika moja. Nilipofika kwenye viti nikaanza kulia. Mama alidhani nalilia mtoto tuliyemwacha, akanipapasa mgongo, nami sikumsahihisha. Nilikuwa nalia kwa hasira, kwa kuwa sasa nilijua ilivyokuwa rahisi.

Nyumbani niliandikia uongozi wa uwanja barua ya malalamiko, kurasa mbili. Baada ya wiki kadhaa mkubwa mmoja alinipigia simu. Alikuwa mpole. Alikiri kwamba losheni ya namna ile inahesabiwa kuwa dawa, kisha akasema afisa wake alifanya vile kwa tahadhari, na tahadhari haina ubaya. "Safari nyingine tumia vichupa vidogo tu, mwalimu, upunguze usumbufu," alisema.

Nilimuuliza usumbufu wa nani. Akacheka kidogo, kama mtu anayetaka kumaliza simu. Nikamwambia kwamba mama yangu, pamoja na uzee wake, alisimama kwenye pipa la taka la ofisi yake akikamua samli aliyomtengenezea mjukuu wake wa kwanza, na kwamba ningependa aandike hilo kwenye faili alivyolisikia. Akasema ataandika. Sijui kama aliandika.

Nilirudi kliniki nikamsimulia muuguzi. Tulikaa kwenye benchi lake mchana mzima tukaandika barua mpya ya kliniki kwa lugha mbili, neno DAWA likiwa juu kabisa kwa herufi kubwa, na chini yake kifungu cha masharti yenyewe, neno kwa neno. Sasa kila mgonjwa anayesafiri anapewa. Mmoja wetu, fundi cherehani, alikwenda nayo juzi akapita bila kuulizwa. Mwingine, mwanafunzi wa chuo, aliambiwa muhuri umefifia, akaacha kopo lake pale mezani.

Muuguzi ameagiza wino mpya.