Matanga ya Mama Yake Mapendo

Nyuma ya soko kuu la Kisangani kuna baraza ya maduka, na kwenye baraza hiyo anakaa fundi cherehani mrefu, mwembamba, ambaye ukimwamkia atakuitikia vizuri kisha atanyamaza. Usidhani ana kiburi. Maneno yake ni machache tu, na mengi yake ni ya kazi: inua mkono, geuka, usivute tumbo. Wateja wanampenda kwa sababu kaptula za shule anazoshona hazipasuki, na kwa sababu ukiwa na shida zako unaweza kumwagia zote naye asikukatize. Anaitwa Cyprien, ingawa pale barazani jina hilo halimfai kitu. Yeye ni fundi, basi.

Alikuja kutoka Kalima, kule Maniema, akiwa kijana na mke mpya, kwa nia ya kukaa kidogo na kurudi. Mke hakurudi wala hakukaa. Alihamia kwa mwanamume mwingine, na mwanamume huyo, kama haya hayakutosha, alikuwa katibu wa chama cha watu wa Kalima waishio Kisangani. Tangu hapo Cyprien hakukanyaga tena mkutano wa chama. Angekaa wapi? Angemwangalia nani? Kanisani aliendelea kwenda, lakini alikaa benchi la mwisho na kutoka kabla ya matangazo. Hivyo ndivyo mtu anavyoweza kuishi katika mji uliojaa watu wa kwao na asiwe na mtu. Aliyebaki wake ni mama yake, aliyekuwa Kalima, na simu ya Jumapili ambayo mtandao uliikata kila walipofikia maneno ya maana.

Mwaka jana, wakati wa mvua, msichana mmoja alimletea kitambaa kikubwa kilichochorwa rangi, kingo zake zimefumuka. Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, jina lake Sandrine.

"Papa, unaweza kunishonea pembeni? Inaanza kuachana."

Cyprien alikitandaza mezani. Aliona mto, milima, miji yenye majina asiyoyajua. "Hii iko wapi?" aliuliza, na kwa mtu wa maneno machache hilo lilikuwa swali kubwa.

"Hapana fasi. Iko inchi yenye haiko," Sandrine alisema, akacheka. "Ni jeu. Mimi na cousin yangu tuliitunga."

Akamweleza, kwa haraka ya mtu aliyezoea kukatizwa. Mchezo uliitwa Mto Unaopanda. Katika nchi hiyo mto hautelemki, unapanda mlima hadi mawinguni, na mashua hupanda nao. Miti huhama makwao mvua ikizidi. Kuna mji ambako watu huazimana vivuli. Hakuna kushinda wala kushindwa. Kila mchezaji anachagua mtu wa kuwa, anasema huyo mtu anafanya nini, na penye mashaka wanatupa dadu. Yeye Sandrine ndiye msimulizi: anazungumza kwa niaba ya wengine wote wanaokutana nao njiani, na nchi yenyewe. Kanuni kubwa ni moja tu: lililosemwa mezani limetokea, halifutwi. Mchezo ulikuwa bado mbichi, kanuni nyingine zilibadilika kila wiki, na ulihitaji wachezaji watatu wakati wao walikuwa na wawili.

"Kuya basi, papa," alisema. "Samedi, kisha midi. Kwetu, Makiso."

Jumamosi hiyo mchana Cyprien alienda mtaa wa Makiso ili kupeleka kitambaa. Angalau hivyo ndivyo alivyojiambia njiani.

Wachezaji wenyewe walikuwa Hugues, yule binamu, kijana wa kubeba abiria kwa pikipiki, ambaye mezani alikuwa jitu linaloogopa maji; na Orpha, muuzaji wa duka la dawa, ambaye alijichagulia kuwa mganga aliyesahau dawa zake zote, na wenzake hawakuacha kumtania kwa hilo. Walimuuliza Cyprien atakuwa nani. Alikagua mshono wa kitambaa pembe kwa pembe hata Hugues akaanza kumwonea huruma. Kisha akasema, kwa sauti ambayo hakuna mteja aliyewahi kuisikia: "Mimi ni Mapendo. Ninauza upepo. Upepo wa mashua, upepo wa kuanika nguo, na kale kadogo ka kuwasha makala ya jikoni. Mununue, musinunue, musinizibie njia."

Walicheka hadi mama yake Sandrine akatoka jikoni kuona kulikoni.

Basi kila Jumamosi fundi akawa mwanamke. Mapendo alibeba upepo wake katika vibuyu, alijua umbea wa miji yote ya mtoni, alimtongozea jitu mchumba asiyemtaka, aligombana na wafalme kuhusu bei. Alisema kwa saa nzima bila kumeza mate. Vijana walimpenda kupita kiasi. Hugues akimwona barabarani alipiga honi na kuita, "Papa Mapendo!" na jina likamganda. Wateja wakadhani ni la bintiye. Mama mmoja aliyeleta sare za wanawe alimuuliza huyo Mapendo yuko darasa la ngapi. Cyprien alisema amemaliza shule, anafanya biashara, na jioni hiyo alirudi chumbani kwake, mtaa wa Kabondo, akiwa na furaha na huzuni kwa pamoja.

Maana Jumamosi ilikuwa na mwisho. Kitambaa kilikunjwa, dadu zikarudishwa mfukoni, Hugues akawasha pikipiki, na Mapendo akafa mlangoni. Aliyetembea kwenda nyumbani alikuwa fundi. Wale vijana walimjua Mapendo nje ndani: anachoogopa, anachokula, alimwacha nani na kwa nini. Walijua hata kwamba mama yake ni mzee anayeishi juu kabisa ya mto, penye mawingu, maana Cyprien aliwahi kulitaja hilo katikati ya mzaha. Kuhusu yeye mwenyewe hawakuwahi kuuliza. Hawakuwa na ubaya. Mtu akikukaribisha kila wiki kwenye sebule yenye vicheko, huendi kumchungulia chumba cha kulala.

Jumanne moja, mpwa wake alipiga simu kutoka Kalima. Mama alikuwa amefariki. Walikuwa wamekwisha kumzika, hali ya hewa haikuruhusu kungoja. Ndege ya kwenda Kindu, mji mkuu wa Maniema, ilikuwa haijaruka wiki hiyo, na barabara ya huko msimu ule kila mtu aliijua kuwa haipitiki. Cyprien alisema ndiyo, ndiyo, nimesikia. Akaweka simu kando ya mkasi, akamalizia mkono wa shati uliokuwa chini ya sindano.

Sasa, mtu wa kwetu anajua kinachofuata. Mwenye msiba hatangazi msiba wake. Yeye analia tu. Mwingine ndiye anayetoka, jirani, shemeji, mtoto wa dada, akapita nyumba kwa nyumba kusema kwa fulani kuna matanga. Watu huja, hutoa viti na meza nje, huketi chini naye, hupika, hucheza karata, husema hata mambo ya kipuuzi, mradi asibaki peke yake na kifo. Hivi ndivyo ilivyo. Lakini lazima awepo huyo wa kutoka. Cyprien aliangalia chumba chake na hakumwona. Kwenda mwenyewe kugonga milango na kusema mama yangu amekufa, njooni, lingekuwa sawa na kujipigia makofi. Na chama kilikuwa na yule katibu.

Kwa hiyo alinyoa kichwa, kama mfiwa anavyofanya, akafungua kazi asubuhi, akangoja mtu aulize.

"Coiffure iko bien, papa," alisema mteja wa kwanza. "Inakurudisha kijana."

Akashukuru. Alimpima kiuno. Siku hiyo na zilizofuata watu saba au wanane walikisifu kichwa chake. Mmoja alimwambia amwonyeshe kinyozi. Usiku alilala bila kulia, kwa sababu kilio nacho kinataka wa kukisikia. Alichotaka kilikuwa kitu kimoja. Alitaka watu, wawili hata, waketi chini naye kwa ajili ya mama yake.

Jumamosi alienda Makiso kama kawaida. Walikuwa wamemwekea kiti chake. Kitambaa kimetandazwa, mashua yao ya mchezo imefika chini ya mawingu. Orpha alimwangalia.

"Papa Mapendo, leo uko calme."

"Bon, tuanze," alisema Hugues. "Mapendo, fungua kibuyu, tupande."

Cyprien alishika ukingo wa meza. Hakuwa amepanga. Alisikia tu sauti ya Mapendo ikitoka, ndogo kuliko siku zote: "Mapendo hafungui. Amepata habari. Mama yake amekufa."

Lililosemwa mezani limetokea. Sandrine aliinua kichwa, macho yakamng'aa, kwani kwa msimulizi hakuna zawadi kubwa kuliko hiyo. "Amekufa namna gani?"

"Amekufa tu."

"Balimuua?" Hugues akauliza. "Mapendo, useme nani, mimi ninaenda kumuvunja."

"Hapana mutu. Alikuwa muzee."

Cyprien aliwatazama mmoja mmoja. Alingoja. Katika nchi hiyo isiyokuwepo palikuwa na jitu na mganga, marafiki wa Mapendo wa miezi mingi. Labda wao wangeketi. Hata hivyo tu, kwa maneno, kando ya mto wa rangi. Hilo lingemtosha.

Lakini Orpha alikuwa ameshika mkono wa Hugues. "Si tuko na lile jani?"

Jani lenyewe walilipata kwa taabu ya wiki nyingi katika msitu unaohama. Lilikuwa moja, nalo lingemrudisha mfu mmoja, mmoja tu. Walikuwa wamekubaliana kulitunza kwa ajili yao wenyewe, maana juu mawinguni palisemekana kuna hatari. Hugues alifikiri kidogo, kisha akaitikia kwa kichwa.

"Tumupatie mama ya Mapendo," alisema. "Sisi tutajisaidia."

Ulikuwa wema, na haifai kuuita kitu kingine. Walitoa kitu kikubwa kuliko vyote walivyokuwa navyo, bila kuombwa. Cyprien alitaka kusema hapana. Orpha alikwisha kutupa dadu. Zikabingirika juu ya milima, zikasimama, na wote wawili wakapiga kelele za furaha, Hugues akimgonga fundi begani. Dadu zilikuwa zimekubali. Mama amefufuka.

Sandrine alijiweka sawa. Alikuwa msimulizi mzuri, alijua kubadili sauti. Aliinamisha mabega, akalegeza uso hadi uzee ukamwingia, akamgeukia Cyprien na kumtazama kwa upole mwingi.

"Mapendo," alisema taratibu, "mutoto wangu. Ulisha kula?"

Wakangoja. Hapo ndipo Mapendo angefoka, angecheka, angemwambia mama kuhusu bei ya upepo. Cyprien alifungua mdomo, na Mapendo hakuwemo.

"Sikukuya, mama," alisema. Ilikuwa sauti ya fundi. "Ndege haikuruka. Na njia iko mubaya. Balikuzika bila mimi."

"Lakini nimerudia, Mapendo," Sandrine aliendelea, bado na sauti ya kizee. "Niko hapa. Uniangalie."

"Balikuzika simu haijafika. Mimi nilikuwa ninashona shati."

Uso wa kizee ulimtoka Sandrine polepole, akabaki msichana aliyeogopa. Orpha alikuwa anakitazama kile kichwa kilichonyolewa, kana kwamba ndiyo kwanza amekiona, na mkono wake ulipanda ukamziba mdomo.

"Papa," alisema Hugues kwa upole. "Ile iko ya jeu?"

"Hapana."

Ndipo kilio kilipotoka. Hakikuwa kizuri wala cha heshima. Kilikuwa cha mtu aliyekinyima nafasi wiki nzima, na mama yake Sandrine alikuja kutoka jikoni na safari hii hakuuliza kulikoni. Aliona, akaelewa, akaanza kulia pia, kwa sauti, kama inavyopaswa, kwa ajili ya mwanamke asiyemjua. Orpha alikusanya dadu. Hugues na Sandrine waliinua meza pamoja na nchi yake yote juu, wakaipeleka uani, wakarudi kuchukua viti. Kisha Orpha akaketi kwenye sementi, karibu na Cyprien aliyekwisha kushuka chini, bega kwa bega, na Sandrine upande wa pili.

Hugues hakuketi. Alisimama mlangoni na ufunguo wa pikipiki mkononi.

"Ninaenda kuambia batu," alisema. Akasita. Alimtazama yule mwanamume mrefu aliyekaa chini, ambaye alikuwa amesafiri naye Jumamosi nyingi kupanda mto, na aibu ikamjaa usoni. "Papa, unisamehe. Nitasema matanga iko kwa nani?"

Fundi alifuta uso kwa kiganja.

"Cyprien," alisema. "Sema Cyprien wa Kabondo, mutoto ya Wabiwa. Mama yangu ilikuwa Wabiwa, wa Kalima."

Hugues alirudia majina hayo mara mbili kwa sauti ndogo, asije akayasahau, kisha akaondoka.