Mochi za Fundi Iwao

Nusu ya mapaa mekundu ya mji wetu wa Tsuwano, Japani, aliyaezeka Iwao Misumi, na viganja vyake vilibaki kama vigae vyenyewe, vipana na vikavu. Jikoni kwake alikuwa akiingia kutafuta bia tu. Mkewe, Tatsue, ndiye aliyetengeneza mochi za stroberi, yaani stroberi iliyofunikwa maharage matamu na ngozi laini ya unga wa mchele, kila majira ya machipuko na kutugawia sisi majirani. Kazi ya Iwao ilikuwa kula na kukosoa: mara ngozi yake nzito, mara sukari imezidi.

Mwaka ule Tatsue aliteleza kwenye theluji mbele ya posta, akavunjika mkono wa kulia, akafungwa plasta. Stroberi zilipoingia sokoni akaanza kulalamika kwamba majirani watakosa. Iwao akamwambia asihangaike, atatengeneza yeye. Ni kuviringisha tu, kutamshindaje mtu aliyezeeka juu ya mapaa?

Tatsue akavuta kiti, akakaa katikati ya jiko kama msimamizi wa ujenzi. Maharage mekundu hayakuleta taabu, maana kuchemsha na kuponda hakutaki vidole laini. Iwao akayatia sukari, akaifunika kila stroberi kwa maharage hayo, akazipanga safu iliyonyooka. Taabu ilianza kwenye unga wa mchele wa kunata, uliopikwa ukawa donge la kutengenezea ngozi. Mkewe alimwambia amwage wanga wa viazi mezani, tena kwa wingi, kabla ya kulipakua donge la moto. Yeye akanyunyiza kama mtu anayetia yai chumvi. Donge likashika meza, likashika vidole, likashika na kijiko kilicholetwa kulibandua.

Hapo ndipo nilipobisha hodi kurudisha sahani yao. Alinifungulia mlango kwa kiwiko. Nyusi moja ilikuwa nyeupe, na sikioni unaning'inia uzi wa mochi. Nikamuuliza hali.

"Kazi inakwenda," akasema.

"Usimpe mkono, jirani," Tatsue akaniambia kutoka jikoni. "Hutarudi kwako leo."

Nikavua viatu, nikaingia kusaidia kumwaga wanga. Donge la pili lilitii. Lakini kwa vidole vile, kila mochi ilidai unga zaidi ili ifungike, na mwishowe kila moja ikawa kubwa kama ngumi. Tatsue akainua moja kwa mkono mzima, akaigeuzageuza.

"Baba, hii tunakula au tunaezekea?"

"Kula kwanza, Mama, ndipo useme."

Akala. Alitafuna muda mrefu, maana stroberi yenyewe ilikuwa mbali. Iwao alisimama akijifuta mikono ambayo haikufutika, na nikaona kweli anaogopa.

"Sukari imezidi," mkewe akasema, kisha akachukua ya pili.

Majirani wote walipata. Mzee wa duka la chai aliikata yake kwa kisu, akala siku mbili, na akatuma salamu kwamba hajawahi kushiba hivyo kwa kitu kitamu.

Plasta ilitolewa kabla ya majira ya joto. Machipuko yaliyofuata, Tatsue alisema mkono bado unamuuma, hawezi kuviringisha kitu. Wiki hiyohiyo nilimkuta bustanini akilima tuta la vitunguu kwa nguvu. Iwao naye alikuwa dirishani, anamwona vizuri kabisa. Aliniuliza tu kama najua wanapouza aproni pana za kumtosha.