Siku Niliyoitwa Mchawi kwa Kazi ya Kompyuta

Mwaka 2003, nikiwa na miaka ishirini na minane, ndipo taabu yangu ilipoanza, na ilianza kwa kumfanya mtu atoweke.

Mwanangu, ninyi leo mnaiita ifekti. Mimi niliishia darasa la nne, kompyuta nilijifunza kwa kubonyezabonyeza. Nilipiga picha ua mtupu, nikapiga tena mwigizaji amesimama palepale, kisha nikamfuta polepole huku nikiweka moshi. Basi. Filamu ikaonyeshwa kwenye banda la video hapa Kasulu, watu wakapiga mayowe.

Bosi Laurenti, mwenye filamu na mwenye banda, akasimama mlangoni akitangaza, "Njooni muone! Kijana wangu ana dawa za kwao Burundi!"

Dawa! Mama yangu alikuja nchini na Biblia na sufuria. Aliuza maandazi sokoni, na ndiyo yaliyotulisha. Baada ya maneno yale, maandazi yakalala. Kanisani benchi likabaki lake peke yake. Mama Anastazia, muuza dagaa, akamcheka mbele za watu: "Mwambie mwanao ayatoweshe, si anaweza?"

Mama akaniambia, "Mwana wanje, mwanangu, umenifukuzia watu."

Nikamfuata Laurenti. "Bosi, waambie ni kompyuta."

"Weee! Nani atakuja kuona kompyuta? Mchawi anajaza banda, fundi hajazi."

Mpaka leo nikiyakumbuka maneno hayo damu inachemka. Mwanamke anasusiwa, yeye anahesabu viti!

Siku ya gulio nikabeba kamera na kompyuta ya Laurenti bila kumuaga, nikachomeka kwenye jenereta ya kinyozi. Nikamwita huyohuyo Mama Anastazia. Nikampiga picha kwenye kigoda chake, nikapiga kigoda kitupu, nikamfuta watu wakiangalia kila ninachobonyeza.

"Yesu wangu! Nimekwenda wapi?"

"Uko hapa unatuzibia!" wakamjibu, soko zima likacheka. Akajipapasa mikono. Akatazama tena kioo cha kompyuta, halafu akaenda kwa mama, akachukua andazi, akalila palepale. Wengine wakamfuata.

Laurenti alinifukuza jioni hiyo. "Umeniharibia biashara!"

"Na wewe ulikuwa unamharibia mama yangu maisha," nikamwambia.

Sasa nisikilize. Wapo mabosi hadi leo wanaopenda kazi yako ionekane muujiza au uganga, ili wewe usionekane kabisa. Usikubali. Mwonyeshe anayeuliza ulivyofanya, na jina lako liandikwe kwenye filamu kama fundi. Bosi akikataa, kunja waya zako uondoke, hata kama huna pa kula. Pa kula patapatikana; mzazi wako akishatengwa, nani atamrudishia watu?

Mungu akupe macho yasiyochoka na ulimi usioogopa tajiri. Ujulikane kwa kazi yako, na wa kwenu walale kwa amani.

Mimi leo nina nyumba ya tofali za kuchoma, studio ya vyumba viwili, kompyuta nne, kamera mbili, sola, migomba kule Muyama na ng'ombe mmoja wa maziwa.