Mwanangu Ananisalimia Kutoka Barabarani

Admin, nifichie jina na kijiji. Kosa la wengi wetu ni kudhani kwamba ugomvi wa ndugu ukishafika polisi umekwisha. Mimi ni mama wa miaka sabini na miwili, mjane, mwalimu mstaafu. Naishi pembezoni mwa Kasulu, kwa mwanangu mkubwa. Tangu nivunjike nyonga sitembei.

Wanangu wawili wamepakana mashamba. Msimu uliopita mbuzi wa mdogo waliingia kwenye maharage ya mkubwa, maneno yakawa makali, mdogo akashika panga. Hakumgusa mtu, lakini panga ni panga, na mkubwa alipokwenda kituoni sikumlaumu. Kesi ikafika mahakama ya mwanzo. Mdogo akaahidi kutunza amani, akaamriwa asikanyage uwanja wa nyumba ya kaka yake mwaka mzima.

Mnielewe vizuri: polisi na hakimu walifanya kazi yao, walizuia damu. Ila mimi nalala ndani ya uwanja huo huo.

Kwa hiyo mdogo huja asubuhi, husimama barabarani na kupaza sauti kwa salamu yetu ya asubuhi, "Mwakeye, mama!" Namjibu nikiwa kitandani. Majirani hutania kwamba ananiuzia dagaa.

Sasa amejuta. Kwetu Waha, aliyekosa huenda kwa miguu yake hadi uani kwa aliyemkosea, na kibuyu cha pombe ya ndizi. Huonja yeye kwanza, kisha wakanywa pamoja. Hatumwi mtu. Lakini mwanangu akiingia uani, amevunja amri, na anaweza kufungwa. Mahakamani walimweleza kwamba kaka yake, kwa kuwa ndiye aliyeshtaki, anaweza kwenda kuomba amri hiyo iondolewe. Nikamsihi mkubwa. Alinijibu kwa upole huku akiniwekea mto mgongoni.

"Mama, aje kwanza aniombe radhi hapa uani. Ndipo niende mahakamani."

"Na akija, hutawaita polisi?"

"Amri ni ya hakimu, mama. Si yangu."

Nimefundisha miaka mingi, na bado sijaona mlango wa kutokea hapo. Mdogo anataka nihamie kwake. Nikihama, kijiji kitasema mkubwa kamfukuza mama yake, naye hatamsamehe mdogo wake kwa aibu hiyo. Nikibaki, huenda nikafa mwanangu mmoja akiwa barabarani. Jana alikuja mvua ikinyesha. Nilimsikia akikohoa, nikamwita, lakini mvua juu ya bati ilikuwa kubwa, sidhani kama alinisikia. Akaondoka.

Wanangu mnaosoma, niambieni: nihame au nibaki? Na wewe uliyemkosea ndugu yako, nenda leo hii nyumbani kwake ukamwombe radhi, maadamu bado unaruhusiwa kuingia.